Profesa na Faili Alilodhani Halina Kazi

Kama hukunisoma juma lililopita, ulichokosa ni nafasi ya kunicheka tu. Kwa ufupi: kazi ya ufundi mitambo redioni ilinitoka, mke akanitoka, na nyumba ikafuata kwa sababu ilikuwa ya ukoo wao. Mke akaolewa na mwenye studio ya kurekodi muziki, bwana mmoja ambaye mji mzima unamwita Profesa, ingawa hakuna chuo kilichowahi kumfahamu hata kama mwanafunzi.

Niliwaacha pale Profesa mwenyewe alipogonga mlango wa chumba changu cha kupanga. Jasho lilikuwa linamtiririka mpaka kwenye kola.

"Ndugu yangu," akasema.

Ndugu yangu! Lugha yetu ni tajiri, ina neno la mke mwenza. La mume mwenza haina. Nadhani wazee walioitunga hawakuwahi kumfikiria mtu kama huyu.

"Sema," nikamwambia, nikiwa nimeushika mlango tayari kuufunga.

"Mashine imekataa."

"Mashine gani?"

"Kompyuta ya studio. Haifungui nyimbo za mama."

Angetaja kitu kingine chochote ningembamizia mlango puani. Lakini alimtaja mama, yaani mama mkwe wangu. Talaka ilinitenga na binti yake tu. Mama huyo ndiye aliyeendelea kuniita mwanangu baada ya wengine wote wa ukoo ule kuanza kuniita "yule".

Mnamjua. Ni mwimbaji, na watu wa rika langu tumeoana kwa nyimbo zake. Mwaka jana madaktari walimtoa uvimbe kooni, na uvimbe ukaondoka na sauti. Siku hizi anaongea kwa mnong'ono. Albamu yake ya mwisho ilikuwa imefika katikati. Profesa akazunguka mji mzima akitamba kwamba ameikamilisha mwenyewe, kwa kutumia mazoezi ya zamani ya mama yaliyokuwa yamehifadhiwa, "yakasafishwa kwa kompyuta". Na siku hiyo, alasiri, mtu wa kampuni ya usambazaji alikuwa anakuja kuisikiliza.

"Nitakuja," nikasema. "Lakini si kwa ajili yako."

"Hata kwa ajili ya shetani, wewe njoo tu."

*

Studio ya Profesa iko juu ya duka la magodoro. Kuta amezifunika kwa vipande vya sponji alivyookota huko chini, vya kijani, vya waridi, vingine vina madoa ambayo sikutaka kuyauliza. Mlangoni amebandika kibao: MKURUGENZI MKUU. Hakuna mkurugenzi mwingine humo ndani. Hakuna hata karani.

Mama alikuwa amekaa kwenye kochi, kitambaa shingoni kuficha kovu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu," akanong'ona. "Umekonda."

Mtalaka wangu alikuwa amesimama dirishani. Hakugeuka. Nikamsalimia mgongo wake, nao haukuitikia.

Nikavuta kiti mbele ya kompyuta. Kwenye kioo kulikuwa na ujumbe wa makosa: plagini ya sauti imeshindwa kufunguka, moduli haipatikani.

"Ni virusi," Profesa akasema nyuma ya sikio langu.

"Umejuaje?"

"Au RAM imechoka. Au bendiwidhi."

"Bendiwidhi ni mambo ya intaneti. Hii kompyuta haijaunganishwa na chochote sasa hivi."

"Ndiyo maana," akasema, akatikisa kichwa kama daktari bingwa. "Imekosa bendiwidhi."

Nikafumba macho kidogo. Ndiye huyu mke wangu aliyemwona anafaa.

"Kabla ya kuja kwangu, uligusa nini?"

Akajikuna shingo. "Nilitafuta hiyo plagini mtandaoni kwa simu. Nikapata tovuti moja nzuri sana, ina mataa mataa. Nikapakua faili, nikalihamishia humu, nikalibandika kwenye folda la mfumo."

"Na programu ya kuzuia virusi haikukukataza?"

"Niliizima. Inapiga kelele."

Jamani. Mtu anamfungia mlinzi wake chooni ili mwizi apite bila usumbufu, halafu anajiita mkurugenzi.

Nikaiwasha ile programu, nikaielekeza kwenye faili lake la mataa mataa. Lilipofikiwa tu, kioo kikawa chekundu kama pilipili. Nikalifuta, nikaanza kuikagua mashine nzima. Kwa bahati ile takataka ilikuwa bado haijaanza kazi iliyoileta. Ukaguzi ulipomalizika salama nikamfungulia Profesa folda la plagini.

"Soma hapa. Hii ni nini?"

Akasogeza miwani. "Plagini."

"Ileile uliyokuwa unaitafuta?"

"Ileile."

"Basi haijapotea. Ipo palepale ulipoiweka."

"Sasa mbona mashine inasema haipatikani? Inadanganya?"

Nilikuwa nafungua kinywa nimjibu kwa jibu ambalo gazeti hili lisingelichapisha, nikasikia mnong'ono kutoka kochini.

"Hata mimi sijaelewa, mwanangu. Nieleze."

Kwa mama nilikuwa na subira yote ya dunia. Nikageuza kiti.

"Mama, hii programu ya kurekodi ni kama nyumba yenye shughuli. Plagini ni mpishi wa kukodi. Analetwa kupika kitu kimoja tu, na huyu wa kwetu kazi yake ni kuirekebisha sauti. Sasa, mpishi wa namna hii haji na vyombo vyake. Anatumia vya kabati la jikoni, pamoja na wapishi wengine. Hilo kabati ndilo tunaloliita faili la maktaba, yale mafaili ambayo majina yake yanaishia na dll. Programu nyingi zinaazima humo humo."

"Ehe."

"Mpishi amefika. Amefungua jikoni, kabati halipo. Ameshindwa kazi. Mashine inaripoti jina la mpishi kwa sababu ndiye iliyemwita. Kabati hailitaji. Sasa Profesa amehangaika kutwa nzima kumtafuta mpishi, na mpishi amesimama jikoni anamtazama."

Mabega ya mama yakatikisika. Ndivyo anavyocheka siku hizi, bila sauti. Profesa akacheka pia, kwa kuchelewa, bila kujua kwamba anayechekwa ni yeye.

"Na kabati limekwenda wapi?" mama akauliza.

"Hilo ndilo la kumuuliza Mkurugenzi Mkuu."

Profesa akakohoa. "Mimi nilifanya usafi tu."

"Usafi gani?"

"Mashine ilikuwa nzito. Nikafungua orodha ya programu, nikaona kuna kitu kimejirudia. Jina moja, jina moja, jina moja, tofauti ni mwaka tu. Nikasema, huu ni uchafu. Nikaacha cha mwaka wa karibuni, vya zamani nikafuta vyote. Kipya si ndiyo bora?"

"Havikujirudia. Kila kimoja ni kifurushi chenye kabati lake la mafaili, na plagini iliyotengenezwa kwa kifurushi cha mwaka ule inataka cha mwaka uleule. Kipya hakiisaidii."

"Sasa wangeandika hivyo!"

"Wameandika. Ndiyo kazi ya ule mwaka."

Nikiri kwamba nilikuwa nafurahi. Miezi yote ile niliyolala kwenye chumba chenye paa linalovuja nikijiuliza nimezidiwa nini na huyu bwana, sasa jibu lilikuwa limesimama mbele yangu, mkono mmoja mfukoni, wa pili ukikuna shingo. Sikuzidiwa chochote. Nikamtazama mtalaka wangu ili naye aone. Alikuwa bado anatazama barabara.

*

Dawa ya tatizo lile ni rahisi, na kama nawe limekupata isikilize. Usiokote faili mojamoja mtandaoni. Tafuta kifurushi kizima kilichokuja na hilo faili, ukichukue kwa mtengenezaji mwenyewe, ukisakinishe upya, uwashe programu tena.

Nikaiunganisha kompyuta na simu yangu, nikaingia kwenye tovuti ya watengenezaji. Vifurushi vilikuwa viwili, cha biti sitini na nne na cha thelathini na mbili.

"Chukua kikubwa," Profesa akashauri. "Mashine yetu ni ya sitini na nne."

"Mashine, ndiyo. Plagini yako ni ya kale, ni ya thelathini na mbili. Tunamfuata mpishi, hatufuati ukubwa wa nyumba."

Nikaanza kupakua kile kidogo. Mtandao ulikuwa unatambaa.

"Ikimaliza," Profesa akasema, "sakinisha tu, basi. Nyimbo usizifungue."

"Nitajuaje kama imekubali?"

"Nitajaribu mwenyewe baadaye. Wewe weka faili, nenda zako."

Baada ya muda kidogo akarudia. "Usifungue nyimbo, ndugu yangu. Faili tu."

Nikamwona zuzu kabisa. Umewahi kumwita fundi bomba, ukamwambia aunganishe lakini maji asifungulie? Sikujiuliza kwa nini sauti yake imeshuka. Sikujiuliza kwa nini kule dirishani mtu ameacha kutazama barabara. Ukishamwona mtu ni mjinga, kila anachosema unakipokea kama ujinga, hata kikiwa ni ombi.

Kupakua kulikuwa bado. Nikasema ngoja nitazame kama kuna plagini nyingine iliyokosa kitu, tumalize yote kwa mkupuo. Nikabofya mara mbili wimbo wa kwanza wa albamu.

Programu ikaniuliza: Plagini haipatikani. Uendelee bila hiyo?

"Hapana!" Profesa akaruka kutoka kwenye kiti chake. "Bonyeza hapana!"

Nikabonyeza ndiyo. Kwa raha zangu.

Kisha nikapiga wimbo.

*

Ngoma zikaanza, gitaa likafuata, na sauti ya mwanamke ikaingia bila nakshi, bila mwangwi, kama mtu anayeimba mkiwa naye chumbani. Ilikuwa nyembamba kuliko ya mama. Ilikuwa changa. Ilipanda bila kukaza, ikafika juu na kukaa huko kana kwamba ndiko kwao.

Haikuwa sauti ya mama. Mama hakuwahi kuwa na sauti hiyo hata alipokuwa msichana.

Niliijua kabla mstari wa kwanza haujaisha. Niliisikia miaka yote ya ndoa yetu, nikiwa nje ya mlango wa jikoni, maji yakimwagika kwenye sinki. Kila nilipoingia ilikatika. Nikimuuliza alikuwa anasema, "Nani? Mimi siimbi."

Mkono wangu ukaenda kuzima. Ulichelewa. Mama alikuwa amesimama.

"Hiyo ni hitilafu," Profesa akasema haraka haraka. "Mama, faili limeharibika, ndiyo maana sauti inatoka hivyo. Kompyuta inachanganya. Muulize huyu."

Akanitazama. Machoni mwake hamkuwa na ujinga hata kidogo. Nilikuwa nimecheka kila kitu alichokifanya tangu nifike, na kitu kimoja alichokuwa anakijua vizuri, alichonisihi nisikiguse, ndicho nilichokigusa.

Mama hakuniuliza. Alimtazama binti yake.

"Rudia," akanong'ona.

Nikarudia. Tukasikiliza mpaka kiitikio kikaisha, watu wanne katikati ya sponji za magodoro, hakuna aliyemtazama mwenzake.

"Zima," mtalaka wangu akasema. Lilikuwa neno lake la kwanza tangu niingie. "Tafadhali, zima."

Nikazima.

"Mazoezi yako hayakutosha, mama," akasema. "Yalikuwa vipande tu. Na ulikuwa unalia usingizini kwa ajili ya albamu. Nikamwambia huyu, mimi nitaimba, wewe ifanye ifanane na yake. Nilijua ukisikia sauti yako imekamilisha nyimbo utapona roho."

"Zote?"

"Tatu ni zako kweli, zile za kabla ya hospitali. Zilizobaki ni mimi."

Nikafungua vipimo vya ile plagini vilivyohifadhiwa pamoja na wimbo. Nilitaka kuona ni upuuzi gani alioufanya Profesa. Naandika hili kwa uchungu: haukuwa upuuzi. Alikuwa ameshusha sauti kidogo, akaongeza ukwaruzo palepale mama alipokuwa nao, akapunguza pumzi kwenye silabi ambazo mama huzimeza. Ni kazi ya mtu aliyemsikiliza mama kwa upendo. Mimi, fundi mitambo wa redio mzima, nisingeifanya vizuri zaidi. Mtu ambaye hajui bendiwidhi ni nini!

Nikafunga kile kidirisha. Sikumwambia.

Mama alikuwa amemsogelea binti yake mpaka karibu kumgusa.

"Kwa nini hukuniambia kwamba unaimba?"

"Siimbi, mama. Nina sauti ya bati."

"Nani alikwambia una sauti ya bati?"

Binti akageukia dirisha.

"Nakuuliza. Nani?"

"Wewe, mama. Nilikuwa darasa la nne. Tulikuwa na wageni, nikaimba wimbo wako, ukaniambia nyamaza, utawaumiza watu masikio kwa sauti hiyo ya bati. Wageni wakacheka. Sijaimba mbele ya mtu tena."

Mama akashika kitambaa chake cha shingoni.

Nilikaa miaka na yule mwanamke kitanda kimoja. Hakuwahi kuniambia jambo lile, nami sikuwahi kumuuliza kwa nini wimbo unakatika nikiingia. Profesa aliuliza. Inaonekana aliuliza.

Kompyuta ikalia. Kifurushi kimekamilika kupakuliwa. Dirisha dogo likajifungua katikati ya kioo, na kitufe kikubwa: Sakinisha. Nyuma yake, wimbo ulikuwa bado umefunguliwa, tayari kupigwa ulivyo, mtupu.

Tukasikia viatu vinapanda ngazi.

"Ndiye," Profesa akasema. "Sakinisha, ndugu yangu. Ni dakika moja tu. Nakuomba."

"Unamwomba amdanganye mgeni mbele yangu?" mama akanong'ona.

"Mama, mkataba ni kwa jina lako. Wamesubiri sauti yako. Akisikia nyingine ataondoka, na hata zile tatu zako za kweli hazitatoka. Ndizo za mwisho, mama. Hakuna nyingine."

Nikamtazama mtalaka wangu. Naye akanitazama, mara ya kwanza tangu siku ya talaka.

"Weka," akaniambia. "Libaki jina lake. Mimi sitaki chochote."

"Uongo," nikasema. "Unataka."

"Weka, nimesema!"

Mlango ukagongwa na kufunguka kwa pamoja. Akaingia mzee mnene, mchangamfu, kofia mkononi, pumzi imemwishia kwa ngazi. Alipomwona mama akainama.

"Mama yetu! Hujambo, mama? Nimekataa kutumiwa kwa barua pepe. Nimesema hapana, hiyo sauti nitaifuata mwenyewe, niisikie nikiwa nimekaa na mwenyewe."

Mama akampa mkono, akamwonyesha kochi. Mgeni akakaa, akaweka kofia gotini, akafumba macho tayari kusikiliza.

Nilikuwa nimeshika mausi. Kishale kilikuwa juu ya kile kitufe, na kidole changu, naapa, sikujua kitafanya nini.

Nikahisi mkono mkavu juu ya wangu.

"Pisha, mwanangu," mama akaninong'oneza.

"Mama, hii hujawahi kuitumia."

"Pisha."

Nikainuka. Akakaa, akauliza kwa macho kitufe kipi ni kipi. Nikamwonyesha kwa kidole: hiki kinarudisha plagini, kile kinapiga wimbo kama ulivyo. Profesa akashika kichwa. Mtalaka wangu akaanza kuelekea mlangoni.

"Wewe," mama akamwambia, bila kugeuka. "Hakuna kutoka."

Kisha kishale kikaanza kutembea, kikipita huku na huku kama mtu anayevuka barabara yenye magari mengi. Kikasimama juu ya kile cha kuupiga wimbo kama ulivyo.

Mama akabonyeza.